Si Kamuti Pekee: Vitabu vya Kutisha na vya Kuweka Kutoka Kitui na Makueni

Taja Kitui mbele ya mbogi yoyote Nairobi, halafu hesabu hadi tatu. Lazima kuna msee ataleta stori ya kamuti. Mwingine ataongezea ile ya mwizi aliyeshikana na TV mgongoni, na kabla chai ipoe mtu atakuuliza kama umewahi kuachana na dem wa Ukambani na ukabaki salama.

Sawa, tunacheka. Lakini swali ni hili: ni nani aliandika hizi stori za kutisha za Ukambani, lini, na unaweza kuzipata wapi? Kwa sababu ziko. Kuna shelfu nzima ya vitabu, vingine vimeandikwa na watoto wa Kitui na Makueni wenyewe, na vingi vimeacha kuchapishwa. Ukivipata kwa inama bookshop, yale maduka ya vitabu vya mtumba vinavyopangwa chini kwenye lami, vinaweza kukutoka kwa bei ya mutura. Wiki ijayo vimeenda.

Huu hapa mwongozo wako: maneno ya kujua, vitabu vya kutafuta, na venye utaviweka visiliwe na mchwa.

MANENO YA KUJUA KWANZA

Kamuti: Kwa Kikamba, muti ni mti. Kamuti ni kamti kadogo. Basi. Watu walianza kuita hivyo dawa na hirizi, halafu Kenya nzima ikachukua neno na kulifanya joke.

Mundu mue: Huyu ni mganga. Kazi yake ni kutibu, kupiga bao na kusema shida imetoka wapi.

Muoi: Huyu ni mchawi, mtu anayedaiwa kudhuru wengine kisirisiri. Zile posta za waganga kwa nguzo za stima mtaani huwachanganya hawa wawili, lakini kwa mzee wa Kikamba ni watu tofauti kabisa. Kumwita mue muoi ni matusi.

Eimu: Zimwi. Lile la hadithi za usiku, linalokula watu na kudanganya wasichana.

Aimu: Mizimu, roho za waliokufa. Si lazima ziwe mbaya.

Susu: Nyanya yako. Mkumbuke, tutamrudia hapo mwisho.

JOHN MBITI: MSEE WA MULANGO NA WAFU WANAOISHI

Ukianza na mtu mmoja, anza na huyu. John Mbiti alizaliwa Mulango, Kitui, mwaka wa 1931. Akasoma Makerere, akachukua udaktari Cambridge mwaka wa 1963, akawa kasisi na profesa, na akafariki Uswisi mwaka wa 2019. Wengi humjua kama mtu wa dini. Wachache hukumbuka kwamba alianza kama mkusanyaji wa hadithi. Mwaka wa 1954 alikuwa tayari ametoa kitabu kwa Kikamba, Mutunga na Ngewa Yake. Ngewa ni stori, so hata jina linakuambia jamaa alikuwa anapenda nini.

Cha kuwinda hapa ni Akamba Stories, kilichotolewa na Oxford mwaka wa 1966. Ndani kuna wanyama wajanja, watu wa kawaida walioingia mashakani, na maimu wenye njaa. Kama umekua ukiambiwa hadithi za kutisha ni za Hollywood, soma hizo za eimu usiku ukiwa peke yako kwa bedsitter, stima ikiwa imepotea. Halafu urudi tuongee.

Lakini kitabu kilichompa jina dunia nzima ni African Religions and Philosophy cha 1969. Hiki bado kinapatikana, na wanafunzi wa vyuo huuza nakala zao kila mwisho wa semesta. Humo kuna sura kamili ya uchawi na nguvu zisizoonekana. Pia kuna lile wazo lake la wafu wanaoishi.

Hapo cheki tarehe. Mwaka wa 1968 George Romero alitoa filamu ya Night of the Living Dead, na mazombi wote unaowaona leo kwa Netflix ni wajukuu wake. Mwaka mmoja baadaye, mtu wa Kitui akaandika kuhusu wafu wanaoishi wa aina nyingine kabisa. Hawa hawakufuati kukula ubongo. Kwa Mbiti, mtu akifa hajaisha, mradi kuna watu walio hai waliomjua na wanaomkumbuka kwa jina. Anabaki sehemu ya familia kwa vizazi vinne au vitano. Yule wa mwisho aliyemkumbuka akifa, ndipo anapozama na kuwa roho isiyo na jina. Mbiti hata alitumia Kiswahili kwa kitabu cha Kiingereza kueleza hii kitu: kuna Sasa, na kuna Zamani.

Shika hiyo pointi ya jina. Inafungua vitabu vingine vyote kwa hii list.

LINDBLOM: MSWIDI ALIYEANDIKA MAZIMWI

Kabla ya Mbiti kuzaliwa, Mswidi mmoja anaitwa Gerhard Lindblom alikuja Ukambani, akajifunza Kikamba na kuandika kila kitu alichosikia. Kitabu chake kikubwa, The Akamba in British East Africa, toleo kamili ni la 1920. Hicho unaweza kukisoma bure mtandaoni kwa sababu ni cha zamani sana.

Lakini mali yenyewe ni Kamba Folklore, vitabu vitatu vilivyotoka kati ya 1928 na 1935. Cha kwanza ni hadithi za wanyama. Kingine ni vitendawili, methali na nyimbo. Na kile cha 1935 ndicho cha mbogi yetu: hadithi za viumbe wasio wa kawaida na safari za hatari. Hadithi ziko kwa Kikamba na tafsiri ya Kiingereza. Kwa hivyo kama Kikamba chako ni cha "wimuseo" na kuitisha muthokoi pekee, hiki kinakusaidia.

Soma ukiwa macho. Ni macho ya mgeni, wakati wa ukoloni, na kuna mahali utakasirika. Lakini bila yeye kuna hadithi ambazo leo hakuna mtu angeweza kuzirudia.

KIMA, MAKUENI: BEHEWA NAMBARI 12

Ukipita Mombasa Road ukiwa umelala, utakuwa umepita karibu na moja ya stori za kutisha zaidi za hii nchi. Stesheni ya Kima iko Makueni, kwa ile reli ya zamani. Ndiyo, Kima, kama ile kima ya samosa. Ni bahati mbaya tu ya jina.

Juni 1900, simba alikuwa anasumbua stesheni hiyo na kuua watu. Afisa wa polisi wa reli, Charles Ryall, akaamua kumvizia. Akalala ndani ya behewa lake pamoja na wageni wawili, Huebner na Parenti, bunduki ikiwa karibu. Walipangiana zamu, lakini usingizi ukashinda. Simba akaingia kupitia mlango wa kuteleza, na behewa likainama kwa uzito wake, mlango ukajifunga. Sasa fikiria: watu watatu, simba mmoja, chumba kimoja, giza. Simba alimkanyaga Parenti aliyekuwa amelala chini, akamchukua Ryall, akatoka naye kwa dirisha.

Hii stori iko kwa The Man-Eaters of Tsavo cha J.H. Patterson, kilichotoka 1907. Kitabu chenyewe hasa ni kuhusu simba wawili wa Tsavo, mbele kidogo kwa reli hiyohiyo ukishapita Mtito Andei, ambao Patterson aliwaua Desemba 1898. Hollywood imekula hii stori mara kadhaa. Bwana Devil ya 1952 ilikuwa filamu ndefu ya kwanza ya Marekani ya rangi kwa 3D. The Ghost and the Darkness ya 1996 iliwaleta Val Kilmer na Michael Douglas, ingawa waliishootia Afrika Kusini.

Kwa upande wa vitu vya kuweka, hii ndo baba yao. Patterson alitumia ngozi za wale simba kama zulia kwa miaka mingi, halafu mwaka wa 1924 akaziuza kwa jumba la makumbusho la Field kule Chicago kwa dola 5,000. Mpaka leo wako huko kwa kioo. Behewa la Ryall nalo liko hapa hapa, Makumbusho ya Reli Nairobi, umbali wa kutembea kutoka tao. Unaweza kulishika kwa mkono.

Kitabu unakipata bure mtandaoni, na nakala za karatasi si ngumu kupata. Ukikisoma, angalia kitu kimoja. Patterson anahesabu vibarua Wahindi waliouawa: 28. Kuhusu Waafrika waliouawa na simba haohao, anasema hakuna rekodi iliyowekwa. Simba wana kioo. Ryall ana behewa. Wale wengine hawana hata jina kwa karatasi.

MWAIKI: KITABU KITAKACHOKUNYAMAZISHA

Hiki si cha raha, lakini ndicho cha maana zaidi kwa list. Kinaitwa Witchcraft and Colonial Rule in Kenya, 1900–1955, cha Katherine Luongo, Cambridge, 2011. Ni kitabu cha wasomi, bei yake mpya ni ya kulia, so jaribu maktaba ya chuo kikuu kwanza.

Mwaka wa 1931, mwanamke wa Ukambani aliyeitwa Mwaiki alidaiwa kumroga mke wa mwanaume mmoja, Kumwaka. Umati ukampiga mpaka akafa. Serikali ya mkoloni ikawakamata watu 70 na kuwapeleka kortini, na mwaka wa 1932 watu 60 wakahukumiwa kifo kwa mpigo. Kesi ilifika mpaka magazeti ya ng'ambo.

Luongo anaonyesha venye serikali na wanakijiji walikuwa wanaongea bila kusikizana. Serikali: uchawi hakuna, haya ni mauaji. Wanakijiji: uchawi uko, na nyinyi mnawalinda wachawi. Sheria ya Uchawi iliyoletwa 1925 haikutatua hiyo shida. Na katikati ya hizo kelele zote kuna mwanamke mmoja. Jina lake tunalo kwa sababu tu aliuawa na kesi ikaandikwa.

Unadhani ni ya zamani? Oktoba 2021, kule Marani, Kisii, wanawake wanne wazee waliuawa na umati kwa madai ya uchawi. Pwani, hasa Kilifi, wazee wamekuwa wakiuawa kwa madai hayohayo, na mara nyingi kuna shamba nyuma ya hiyo stori.

Hatusemi uache kucheka. Meme ya mwizi na TV ni meme. Lakini kuna mahali joke inaisha, na mahali hapo huwa pana mama mzee, jirani mwenye kinyongo na kijana mwenye petroli. Mtu aliyesoma kuhusu Mwaiki anajua mpaka uko wapi.

DAVID MAILLU: MFALME WA VITABU VYA KUFICHA CHINI YA MTO

Pumua. Sasa turudi kwa raha.

David Maillu alizaliwa Kilungu, Makueni, mwaka wa 1939. Alifanya kazi Sauti ya Kenya kama mchoraji, halafu mwaka wa 1972 akafungua kampuni yake, Comb Books. Vitabu vyake vilikuwa vidogo vya kuingia mfukoni, vya bei ya chini, na vilichapa story ya ofisi, pombe, mapenzi na unafiki wa Nairobi bila kuomba msamaha. My Dear Bottle ni ya 1973. After 4.30 ni ya 1974. Maprofesa walikasirika, wasomaji wakapiga foleni. Mwaka wa 1976 Tanzania ikapiga marufuku vitabu vya Comb Books. Unajua venye marufuku hufanya kwa mauzo ya mtaani.

Kwa wapenzi wa mambo ya ajabu, tafuta Kadosa ya 1975, kuhusu mwanamke ambaye si binadamu wa kawaida. Hii ni adimu. Ukiiona chini kwa lami, usianze kuonyesha uso wa furaha kabla ya kuuliza bei.

Kwa wapenzi wa ujasusi, kuna Benni Kamba, wakala 009. Ndiyo, nambari mbili baada ya yule Mwingereza. The Equatorial Assignment ya 1980 na Operation DXT ya 1986 zilitoka kwa ile series ya Macmillan, Pacesetters, ambayo wazazi wako walibadilishana shuleni mpaka karatasi zikawa kama chapati. Jasusi wa Afrika, jina la Kamba, anaokoa bara. Miaka mingi kabla ya Wakanda kufika sinema.

Na hii hapa itakubamba wewe wa Sheng. Mwaka wa 1989 Maillu alitoa Without Kiinua Mgongo, na 1990 akatoa Anayekukeep. Zote zimeandikwa kwa kuchanganya Kiswahili na Kiingereza ndani ya sentensi moja, venye watu walikuwa wanaongea kwa matatu. Walimu waliona ni kuharibu lugha. Leo ukisoma unaona jamaa alitangulia tu.

Ukiwa na kifua, maliza na The Broken Drum ya 1991. Zaidi ya kurasa 1,000, historia ya Wakamba kupitia familia moja. Si ya kusoma kwa matatu. Ni ya kuweka kwa shelfu na kurudia kila Desemba ukienda ushago.

MUZIKI PIA UKO KWA KARATASI

Kama kwenu kuna santuri za Kakai Kilonzo na Kilimambogo Brothers kwa karatoni, usiruhusu mtu azitupe. Halafu tafuta Shades of Benga ya Ketebul Music, iliyotoka 2017. Ni kitabu kinene cha historia ya muziki wa Kenya kuanzia 1946 hadi 2016, kina picha kibao, na kitakusaidia kujua hiyo karatoni ya guka wako ina uzito gani.

VENYE UTANUNUA BILA KUCHEZWA

Fungua kurasa za mwanzo. Jalada linaweza kubadilishwa, lakini jina la mchapishaji na mwaka viko ndani. Kwa Maillu wa kwanza, unatafuta Comb Books, Nairobi.

Hesabu kurasa. Vitabu vya mtumba hupenda kupoteza kurasa za mwisho, na hakuna uchungu kama stori ya kutisha isiyo na mwisho.

Angalia muhuri. Kikiwa na muhuri wa maktaba na hakuna alama kwamba kiliondolewa rasmi, kuna uwezekano kiliibwa. Achana nacho, au kirudishe.

Usikimbilie kukarabati. Selotepu hugeuka ya njano na kula karatasi. Mpasuko mdogo ni bora kuliko dawa mbaya.

Weka mbali na jua, maji na ukuta. Ukambani mchwa hawana huruma. Shelfu iinuke kutoka chini, na isiguse ukuta wa udongo.

Kama huna doo, bado una njia. Lindblom wa 1920 na Patterson ni bure mtandaoni. Hifadhi ya Taifa pale Moi Avenue ina faili za wilaya na korti za enzi za ukoloni, na hapo chini kuna vitu alivyokusanya Joseph Murumbi, aliyekuwa Makamu wa Rais mwaka wa 1966. Ukitaka kuona mkusanyaji wa kweli ni nani, ingia pale.

UKIFIKA KWA GROUND

Nzambani, Kitui: Jiwe kubwa sana, karibu na mji wa Kitui. Wenyeji husema ukilizunguka mara saba unabadilika, mwanaume anakuwa mwanamke na mwanamke anakuwa mwanaume. Watu wengi huishia raundi ya sita, eti wamechoka.

Nzaui, Makueni: Mlima ambao wazee husimulia kwamba ndipo Mulungu alipowaleta watu wa kwanza wa Wakamba, na nyayo zao zilibaki kwa mwamba.

Kima, Makueni: Tayari unajua. Nenda mchana.

KITABU AMBACHO BADO HAKIJAANDIKWA

Nadra kuliko zote ni ile iliyo kichwani mwa susu wako pekee. Mbiti na Lindblom walifanya kitu ambacho wewe unaweza kufanya na simu: walikaa chini, wakauliza, wakaandika.

Kwa hivyo ukienda ushago, usiende na mkate na sukari tu. Mwambie, "Susu, nipe ile ya eimu uliyotuambia tukiwa wadogo." Omba ruhusa ya kurekodi. Muache aongee Kikamba chake, usimkatize kutafsiri. Mwanzoni mwa rekodi, mwambie ataje jina lake, kijiji chake, na aliyemwambia hiyo stori. Andika tarehe. Weka nakala kwa simu, nyingine kwa barua pepe, na nyingine kwa binamu ambaye hapotezi simu kila mwezi.

Hiyo ya jina ndiyo usisahau. Ryall ana behewa, na wale Waafrika waliouawa na simba wa Tsavo walipotea bila kuandikwa. Yako ikiandikwa, wajukuu wako watajua ni nani aliwatisha.